Kifaa cha Kuamsha Pumzi: Swali la Kuuliza Kabla ya Harambee



Katika somo hili tutazungumza juu ya kifaa kidogo kinachopandikizwa mwilini ili kumsaidia mtu apumue bila mashine kubwa ya hospitali. Tumelileta somo hili kwa sababu familia zinazouguza mtu aliyevunjika shingo, au mtu anayepooza polepole, huja ofisini kwetu na swali moja: "Tumesikia kuna kifaa huko ng'ambo. Tukifanya harambee, mgonjwa wetu atapona?"

Swali hilo ni la haki. Lakini kuna swali lingine linalotakiwa kutangulia, nalo ni hili: je, mshipa wa fahamu unaoendesha pumzi ya mgonjwa wetu bado uko hai? Familia isipopata jibu la swali hilo, inaweza kuuza shamba, kumaliza akiba ya chama, kumpandisha mgonjwa ndege, na mwisho kuambiwa kwamba kifaa hakimfai. Kwa hivyo tusome pole pole, hatua kwa hatua.

TUNAPUMUA NAMNA GANI?

Watu wengi hufikiri kwamba mapafu yanajivuta yenyewe. Sivyo. Mapafu ni kama mifuko; hayana nguvu ya kujifungua. Kazi kubwa hufanywa na msuli mmoja mpana uitwao kiwambo.

Ukichinja mbuzi na kumpasua, utaona ukuta mwembamba wa nyama unaotenga kifua, pahali palipo moyo na mapafu, na tumbo, pahali palipo ini na matumbo. Ukuta huo ndio kiwambo. Nasi tunao. Kiwambo kikijikaza, hushuka chini kuelekea tumboni. Kifua hupata nafasi, mapafu hufunguka, na hewa huingia kupitia puani. Kiwambo kikilegea, hupanda juu na hewa hutoka. Ndiyo sababu mtoto mchanga akilala unaona tumbo lake likipanda na kushuka.

AMRI YA KUPUMUA INAPITA WAPI?

Kiwambo hakijiamulii. Amri hutoka kwenye ubongo, hapo chini karibu na kisogo. Inashuka kwa kamba ya fahamu iliyo ndani ya uti wa mgongo. Shingo ina pingili saba. Hapo karibu na pingili ya tatu, ya nne na ya tano, hutoka mizizi inayoungana kuwa mshipa wa fahamu uitwao freniki. Tunayo miwili, mmoja kulia na mmoja kushoto. Mishipa hiyo hupita kifuani kando ya moyo, ikafika kwenye kiwambo.

Hapa tutumie mfano wa stima, maana kila mtu anauelewa. Ubongo ni transfoma. Kamba ya fahamu ni laini ya stima inayofuata barabara. Mshipa wa freniki ni waya unaotoka kwenye mlingoti kuingia nyumbani kwako. Kiwambo ni balbu.

Sasa tuseme usiku mmoja balbu imezimika. Fundi mzuri hakimbilii dukani kununua balbu nyingine. Anauliza kwanza: shida iko wapi? Kama laini ya barabarani imekatika lakini waya wa nyumba na balbu ni nzima, unaweza kuleta betri, ukaifunga kwenye waya wa nyumba, na taa ikawaka. Lakini kama waya wa nyumba umeoza, hata ukileta betri kumi hutapata mwanga.

Mfano huo tuushike vizuri, kwa maana somo lote limo humo.

Tuchukue kijana aliyeanguka kutoka kwa mwembe akaumia shingo. Kuna njia tatu:

1. Akiumia juu kabisa, kwenye pingili ya kwanza au ya pili, laini imekatika juu ya pahali mshipa wa freniki unapoanzia. Hawezi kupumua hata kidogo. Wengi hufariki hapo hapo wasipopuliziwa pumzi na mtu mwingine. Lakini mshipa wenyewe mara nyingi uko mzima, ila hauletewi amri.

2. Akiumia kwenye pingili ya tatu, ya nne au ya tano, huenda chanzo chenyewe cha mshipa kimekufa. Waya wa nyumba umeharibika, wote au sehemu yake.

3. Akiumia chini ya hapo, kwenye pingili ya sita au ya saba, kiwambo hufanya kazi. Miguu na sehemu ya mikono inaweza kupooza, na kukohoa kunakuwa kwa shida, lakini anapumua mwenyewe.

Watu hawa watatu wote wataitwa kijijini "aliyevunjika shingo". Lakini kwa habari ya kifaa tunachosoma leo, hawako sawa hata kidogo.

MASHINE YA KUPUMULIA

Kabla ya kifaa hiki, msaada uliokuwapo ni mashine. Mwaka wa 1928 huko Boston, Marekani, kulitengenezwa pipa kubwa lililoitwa pafu la chuma. Mgonjwa wa polio alilazwa ndani, kichwa tu kikabaki nje. Mwaka wa 1952 polio iliposhambulia mji wa Copenhagen, Denmaki, mapipa hayakutosha. Daktari Bjørn Ibsen akashauri mgonjwa atobolewe tundu kooni, aingizwe mpira, na mtu akamue mfuko wa hewa kwa mkono. Wanafunzi wa udaktari wapatao 1,500 walipokezana zamu, usiku na mchana, wakikamua mifuko hiyo. Watu wengi waliokuwa wafe walipona. Mashine za leo zinafanya kazi ile ile ya mikono ya wanafunzi: zinasukuma hewa mpaka mapafuni.

Mashine hizo zimeokoa maisha mengi, na sisi hatuzidharau. Lakini aliyefungwa nazo mwaka hadi mwaka ana mzigo. Kuna kelele. Kuna mipira. Kuongea ni kazi. Nimonia humrudia. Kumtoa kitandani hadi kwenye kiti cha magurudumu kunataka watu kadhaa. Tena stima ikipotea, familia nzima inashika roho mkononi.

KIFAA CHENYEWE

Wazo la kuamsha kiwambo kwa stima ndogo ni la zamani. Katika miaka ya 1960, daktari mpasuaji William Glenn wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, pamoja na wenzake, walitengeneza kifaa kilichofungwa kwenye mshipa wa freniki wenyewe. Kipokezi kinawekwa chini ya ngozi, na kisanduku kilicho nje hutuma amri kwa mawimbi ya redio kupitia duara la waya linalobandikwa juu ya ngozi. Kampuni ya Avery ilianza kuvitengeneza vifaa vya namna hiyo.

Njia ya pili ilitokea mji wa Cleveland, jimbo la Ohio. Daktari Raymond Onders na wenzake, akiwemo mhandisi Thomas Mortimer na daktari wa mapafu Anthony DiMarco, walitafuta namna isiyohitaji kufungua kifua. Mgonjwa wa kwanza alipandikizwa mwezi wa Machi 2000. Mpasuaji hutoboa matundu madogo tumboni, huingiza kamera nyembamba, na kutafuta kwenye kiwambo pahali ambapo kikiguswa na stima hujikaza vizuri zaidi. Hapo huweka elektrodi nne, yaani ncha za waya, mbili kulia na mbili kushoto. Nyaya hutoka nje ya ngozi na kufungwa kwenye kisanduku kidogo cha betri. Kisanduku hutuma stima kidogo, kiwambo kinashuka, hewa inaingia. Stima inaachia, kiwambo kinapanda, hewa inatoka. Hivyo hivyo, dakika baada ya dakika. Mwezi wa Juni 2008, idara ya serikali ya Marekani inayosimamia dawa na vifaa vya matibabu iliruhusu kifaa hicho, kiitwacho NeuRx, kitumiwe kwa watu walioumia uti wa mgongo.

Kuna mambo matatu tuyajue hapa.

Kwanza, stima ile ya kisanduku haiamshi nyama peke yake. Inaamsha ncha za mshipa wa freniki zilizo ndani ya kiwambo, na mshipa ndio unaokaza msuli. Kwa hivyo mshipa ukiwa umekufa, kifaa hakina cha kuamsha.

Pili, mtu hatoki chumba cha upasuaji akipumua siku hiyo hiyo na kuitupa mashine. Msuli uliokaa miezi bila kazi umekonda, kama mguu uliotolewa plasta. Inabidi ufundishwe: dakika chache leo, kesho zaidi, kwa wiki nyingi au hata miezi. Wengine hufika kutumia kifaa usiku na mchana. Wengine hukitumia saa kadhaa tu, kisha hurudi kwa mashine.

Tatu, kifaa hakimfundishi mtu kukohoa. Kukohoa kunatumia misuli ya tumbo, nayo bado imepooza. Makohozi lazima yatolewe na mwuguzaji. Na wengi hubaki na tundu la kooni, kwa sababu mtu akilala koo linaweza kujifunga wakati kiwambo kinapovuta. Mashine ya akiba na mfuko wa kukamua kwa mkono lazima viwe karibu siku zote, maana waya unaweza kukatika.

MFANO WA MTU MMOJA

Wasomaji wengine watamkumbuka Christopher Reeve, yule aliyeigiza Superman katika sinema. Tarehe 27 Mei 1995 alianguka kutoka kwa farasi huko Virginia, Marekani, akaumia pingili za juu kabisa za shingo. Tangu siku hiyo alipumua kwa mashine. Mwezi wa Februari 2003 alipandikizwa kifaa huko Cleveland. Baada ya mazoezi aliweza kukaa saa kadhaa bila mashine, hewa ikipita puani mwake, na hivyo akaweza kunusa tena. Sisi wenye afya tunaweza kuona jambo la kunusa ni dogo. Lakini hewa ya mashine huingia kooni moja kwa moja, na mtu anakaa miaka bila harufu ya kahawa, ya mvua, wala ya mtoto wake.

Tarehe 10 Oktoba 2004 Reeve alifariki akiwa na miaka 52. Alikuwa akitibiwa kidonda cha kulalia kilichoingiwa na viini, moyo ukasimama. Tunalisema hili kwa heshima, kwa sababu lina fundisho kwa kila mwuguzaji. Mtu aliyekuwa na madaktari, fedha na kifaa cha kisasa, bado alikuwa katika hatari ya kidonda cha kulalia. Kumgeuza mgonjwa kila saa mbili, kumkausha, kukagua ngozi ya makalio na visigino: kazi hiyo haifanywi na kifaa chochote. Inafanywa na mikono ya nyumbani.

PAHALI KIFAA KILIPOLETA MADHARA

Sasa tufike kwa jambo zito. Kuna ugonjwa ambao madaktari huuita kwa herufi tatu, ALS. Seli za fahamu zinazoendesha misuli hufa moja baada ya nyingine. Mtu huanza kwa kudhoofika mkono au kuongea kwa shida, na mwisho kiwambo nacho hudhoofika. Huu ndio ugonjwa ambao wengi nyumbani huuita tu "kupooza polepole".

Watu waliona kifaa kinawasaidia walioumia shingo, wakasema: basi na hawa wapewe. Fikira hiyo ilionekana nzuri. Mwezi wa Septemba 2011 Marekani iliruhusu kifaa kitumike kwa baadhi ya wagonjwa wa ALS. Lakini madaktari wa Uingereza wakataka kupima kwa haki. Waliwachukua wagonjwa 74, wakawagawa kwa bahati nasibu katika makundi mawili ya watu 37. Makundi yote mawili yalipewa mashine ndogo ya kupumulia yenye barakoa ya usoni, ile isiyohitaji kutoboa koo. Kundi moja likaongezewa kifaa cha kiwambo.

Matokeo yalitangazwa mwaka wa 2015. Kundi la barakoa peke yake, nusu yao waliishi zaidi ya miezi 22. Kundi lililoongezewa kifaa, nusu yao walikuwa wamefariki kufikia mwezi wa 11. Ilibidi kuandikisha wagonjwa wapya kusimamishwe mapema, Desemba 2013, hatari ilipoonekana. Utafiti wa Ufaransa nao ulisimamishwa kabla ya wakati, na haukuonyesha faida.

Rudini kwa mfano wetu wa stima. Kwa kijana wa mwembe aliyeumia juu, laini ya barabarani ndiyo iliyokatika. Kwa mgonjwa wa ALS, waya wa nyumba wenyewe unaoza. Kifaa ni kile kile, betri ni ile ile, lakini mmoja anarudishiwa pumzi na mwingine anafupishiwa siku. Kwa hivyo mtu akikuambia, "Fulani alipandikizwa akapona, na wewe mpeleke wako", muulize kwanza: huyo fulani aliugua nini?

MASWALI YA KUMWULIZA DAKTARI

Kuuliza si ujinga. Kabla ya kuchapisha kadi za harambee, watu wawili au watatu wa familia waende kwa daktari wakiwa na daftari, waulize haya, na waandike majibu:

1. Mgonjwa wetu aliumia pingili gani ya shingo? Au ugonjwa wake unaitwaje hasa?

2. Je, mshipa wa freniki umepimwa? Kipimo kipo: daktari huamsha mshipa huo shingoni kwa stima ndogo, na kutazama kwa eksirei au ultrasaundi kama kiwambo kinasogea. Kiwambo kisiposogea, maneno ya kifaa yanakoma hapo, angalau kwa sasa. Daktari anaweza kushauri kipimo kirudiwe baadaye.

3. Kama kiwambo kinasogea, ni daktari gani amewahi kupandikiza kifaa hiki, na amepandikiza wagonjwa wangapi wa namna hii?

4. Gharama ya upasuaji ni kiasi gani, na gharama ya baadaye je? Ombeni bei kwa maandishi: nauli, kukaa huko wakati wa mazoezi, nyaya, betri, na kurudi kukaguliwa.

5. Tukirudi nyumbani na waya ukikatika usiku, tutampigia nani simu? Mashine ya akiba tutaipata wapi?

6. Kama kifaa hakimfai, ni msaada gani unaomfaa? Kwa mgonjwa wa ALS, barakoa ya kupumulia inaweza kumwongezea muda na kumpunguzia taabu.

Hapa Kenya tunayo hospitali ya taifa ya rufaa ya majeruhi ya uti wa mgongo, iliyoko Nairobi. Ni vizuri kuomba barua ya rufaa na kupata ushauri huko kabla ya kumsikiliza wakala wa hospitali za ng'ambo. Wakala analipwa mgonjwa akisafiri. Daktari asiyepata chochote kwa safari yenu atawaambia ukweli kwa urahisi zaidi.

Na jambo moja tusilisahau: mgonjwa mwenyewe aulizwe. Mtu asiyeweza kusogeza mkono bado anayo akili yake na haki yake. Mara nyingi tunaona kikao cha familia kimekaa sebuleni, mgonjwa yuko chumba cha pili, na hakuna aliyemwuliza. Kama hawezi kuongea, akubaliane nanyi ishara: kufumba macho mara moja ni ndiyo, mara mbili ni hapana.

KAZI INAYOANZA KWETU

Kifaa hiki kinaweza kumfikia mmoja katika maelfu. Lakini shingo ya jirani iko mikononi mwetu kila siku ya ajali. Mtu akianguka kutoka kwa mti, au matatu ikipinduka:

Msimvute kwa mikono wala kumkalisha. Msimpakie kwenye bodaboda, wala kumkunja katika kiti cha gari dogo.

Mmoja ashike kichwa kwa mikono miwili na asikiachie, kikae sawa na mwili. Kama kuna moto au hatari nyingine, na lazima atolewe, watu wanne au zaidi wamgeuze kwa pamoja kama gogo moja, kichwa na kiwiliwili havipishani. Mlazeni juu ya mlango au ubao mpana.

Tazameni kifua na tumbo. Kama havisogei, mtu huyo hana dakika nyingi. Sukumeni taya lake mbele bila kukunja shingo, na aliyefundishwa huduma ya kwanza ampulizie pumzi mpaka msaada ufike.

Tungependa kila kikundi kiwe na watu wawili waliofundishwa huduma ya kwanza. Mafunzo hayo ni ya siku chache tu, na gharama yake ni ndogo ukilinganisha na harambee moja.

MASWALI YA KUJADILIANA KATIKA VIKUNDI

1. Kwa maneno yako mwenyewe, eleza kwa nini kifaa kimoja kinaweza kumsaidia aliyeumia pingili ya pili ya shingo na kumdhuru mgonjwa wa ALS.

2. Katika kijiji chetu, tumewahi kuchangia matibabu ya mbali? Ni maswali gani yaliulizwa kabla ya fedha kutolewa? Ni yapi hayakuulizwa?

3. Je, kuna mtu aliyepooza katika eneo letu? Nani anamgeuza, nani anampumzisha mwuguzaji wake, na kikundi kinaweza kuchukua zamu zipi?

4. Ajali ikitokea leo jioni kwenye barabara yetu, ni nani hapa anajua kushika shingo ya majeruhi? Andikeni majina. Kama hakuna, pangeni tarehe ya mafunzo kabla ya kuachana.